Nusu siku Guangzhou: safari ya tisa ya mama mdogo

Wengi kati yenu wanamjua mama mdogo wangu, yule anayeuza viatu na mikoba ya watoto katika mtaa wa Kenya. Mnamjua pia kwa jambo lingine: ndiye aliyesimama katika mkutano wetu baada ya Pasaka na kukataa mchango wa nyumba ya wasichana. Alisema pesa ya likelemba ni ya kuzunguka, si ya kulala ndani ya matofali. Mimi nilikuwa upande mwingine, na tangu siku ile tulikuwa tunasalimiana vizuri lakini kwa kifupi.

Basi mkishangaa kwamba mwezi wa saba, shule ilipofunga, nilisafiri naye China, jueni kwamba mimi mwenyewe nilishangaa. Macho yake hayasomi tena vizuri karatasi za mizigo. Alikuja nyumbani jioni moja, akakaa, akanywa chai, akasema: "Wewe una diploma ya ualimu. Lazima ifike siku nayo inilishe mimi." Ndivyo nilivyopanda ndege mara ya kwanza katika maisha yangu, Lubumbashi hadi Addis Ababa, Addis Ababa hadi Guangzhou. Kwake ilikuwa safari ya tisa.

Tulikuwa wamama saba. Kwa siku kumi tulifanya kazi ambayo wasafiri kati yenu wanaifahamu. Asubuhi tunatoka hotelini Xiaobei, mahali ambapo utasikia Kilingala na Kibambara kabla hujasikia Kichina. Tunakwenda Sanyuanli na kwenye masoko ya viatu karibu na stesheni ya treni. Tunapanda ngazi, tunabishana kwa kalkuleta, muuzaji anaandika bei, mama anafuta, anaandika yake, muuzaji anashika kichwa. Jioni tunakwenda depo kuhesabu makartoni. Usiku tunapika wali na samaki kwenye jiko dogo la umeme ambalo hoteli inakataza, kisha tunalala.

Usiku wa tisa nilimuuliza mama mdogo: ng'ambo ya mto kuna nini? Alifikiri kidogo. "Sijui. Huko hakuna bei ya jumla."

Safari tisa! Na mji huo una watu zaidi ya milioni kumi na tano. Mimi ninafundisha jiografia na historia kidato cha tano na cha sita. Nimechora mto huo ubaoni, ule wanaouita Mto wa Lulu, kwa chaki ya bluu, mbele ya watoto ambao hawajawahi kufika hata Likasi. Sasa mto wenyewe ulikuwa dakika ishirini kutoka kitandani kwangu, na nilikuwa bado sijauona.

Mzigo ulikuwa umekwisha kukabidhiwa depo, ndege ilikuwa kesho usiku, na asubuhi ilikuwa wazi. Chini ya hoteli kulikuwa na biro ndogo inayouza matembezi ya nusu siku, pamoja na gari na mwongozaji anayesema Kifaransa. Waliomba yuani 250 kila mtu. Wamama wakashusha mpaka 180, ambayo ni kama dola 25. Hapo ndipo vita vikaanza kati yetu wenyewe. Dola 25 ni dazeni moja ya sandali za watoto, alisema mama mdogo, na sandali huzivai kwa macho. Mama mwingine akajibu kwamba yeye ana miaka hamsini na minne, amebeba mizigo ya nchi hii mgongoni, na anataka arudi nyumbani na kitu ambacho forodha haiwezi kukifungua. Kura zilikuwa sita kwa moja. Yule mmoja alikuja kwa sababu hakutaka kubaki hotelini peke yake, na kwa sababu mimi nilimlipia.

Mwongozaji alitufikia saa mbili asubuhi. Hapa niseme neno juu ya saa, maana limewafurahisha wanafunzi wangu. Guangzhou iko mbele ya Lubumbashi kwa saa sita. Simu yangu niliiacha na saa ya nyumbani, kwa hiyo kule China ilipokuwa saa mbili asubuhi ya Kiswahili, simu ilionyesha 2:00. Ilipokuwa saa tatu, 3:00. Siku kumi nzima simu yangu ilisema Kiswahili sanifu, na wala sikuwa nimeigusa.

Alikuwa dada wa miaka kama thelathini, kofia pana kichwani, mwavuli mkononi na kibendera kidogo cha njano. Kifaransa chake alikijifunza shuleni, lakini ni wazi kilimalizwa na wafanyabiashara wetu, kwa sababu alituita "mama" kila mmoja, na alijua kusema "polepole" na "bei ya mwisho". Jina lake sitaliandika, hakuniruhusu wala sikumwomba. Nitamwita dada.

Kwanza alitupeleka bustani ya Yuexiu, kwenye sanamu ya kondoo watano. Ni ya mawe, ina urefu wa karibu mita 11, ilijengwa mwaka 1960, na imekuwa alama ya mji. Kuifikia ni ngazi, na tena ngazi. Mwezi wa saba sisi hapa tunavaa vizibao vya sufu, kule ni joto la mvuke kama mtu amefunika sufuria juu ya kichwa chako. Tulipofika juu vikwembe vilikuwa vimelowa.

Dada akatusimulia hadithi. Zamani watu wa hapo walikuwa na njaa. Wakashuka kutoka mbinguni watu watano wasiokufa, wamevaa nguo za rangi tano, kila mmoja amepanda kondoo dume, na kila kondoo ana mashuke ya nafaka mdomoni. Wakawapa watu nafaka, wakaubariki mji usione njaa tena, wakapaa. Kondoo wakabaki, wakageuka mawe. Ndiyo maana mpaka leo Guangzhou inaitwa mji wa kondoo. Mama mweka hazina wetu alisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema: "Kondoo amebeba nafaka mdomoni toka mbinguni mpaka chini, na hakuila? Huo ndio muujiza." Dada alicheka mpaka akakaa chini kwenye ngazi. Tangu hapo tulikuwa marafiki.

Njiani tulipita karibu na msikiti wa Huaisheng. Mama mmoja kati yetu ni Mwislamu, akaomba gari lipunguze mwendo. Ni mmoja wa misikiti ya kale kabisa ya China. Mnara wake mweupe, mviringo, una mita 36, na zamani ulikuwa pia taa ya kuwaongoza mabaharia mtoni. Hatukushuka. Aliutazama mpaka ukapotea nyuma ya majengo.

Ndani ya gari dada aliuliza swali ambalo kila Mchina ametuuliza kwa siku kumi: mna watoto wangapi? Tukajibu kwa zamu. Saba, watano, sita, wanne, tisa, mimi wawili. Mama mdogo akasema: "Nimezaa wanane, ninao watano." Kimya kikaingia kidogo. Halafu wakamgeukia dada: na kwenu mko wangapi?

"Mimi tu."

Wamama walimhurumia kwa sauti, kama tunavyofanya kwenye kilio. Hakukasirika. Akaeleza. Kuanzia mwisho wa miaka ya 1970, serikali yao iliweka sheria kwamba familia nyingi, hasa za mjini, zizae mtoto mmoja. Aliyezidisha alilipa faini, na wengine walipoteza kazi. Sheria hiyo ilikaa mpaka mwisho wa mwaka 2015. Mwaka uliofuata wakaruhusiwa wawili, na tangu 2021 watatu. "Sasa serikali inatuomba tuzae," akasema, "na sisi hatutaki." Kwa nini? Kwa sababu nyumba ni ghali, shule ni ghali, na yeye peke yake ana baba, mama, na wazazi wa pande mbili wa kuangalia. Hana kaka wa kugawana naye dawa za bibi. Hana dada wa kumpigia simu usiku. Watoto wake, akizaa, hawatakuwa na mjomba, hawatakuwa na shangazi, hawatakuwa na mama mdogo.

Nilimtazama mama mdogo wangu. Alikuwa anatazama dirishani. Baadaye kidogo akafungua mkoba, akatoa karanga zetu za kukaanga alizobeba kutoka nyumbani, akampa dada konzi nzima bila kusema kitu.

Sasa nifike mahali ambapo ndipo kwa kweli nilichukua kalamu. Ni jumba la ukoo wa Chen, upande wa magharibi wa mji. Kwa nje unaona lango kubwa jeusi lililochorwa walinzi wawili wenye ndevu na silaha, kila mmoja mrefu kuliko mtu. Ukiinua macho, paa halina mahali palipobaki wazi: vijumba, wapanda farasi, wanamuziki, ndege, yote ya udongo uliochomwa na kupakwa rangi. Ndani ni ua baada ya ua, majengo kumi na tisa yameunganishwa, milango ya mbao iliyochongwa mpaka inaonekana kama lesi. Kwenye kingo za mawe wamechonga matunda ya kwao, na wamama walifurahi sana kuona nanasi. Mama mmoja alilipapasa. "Hili la kwetu," akasema.

Dada alipoeleza jumba lilijengwaje, nilimwomba arudie, na nilitafsiri neno kwa neno ili hata nyuma wasikie. Chen ni jina la watu wengi sana huko, kama hapa Ilunga au Mwamba. Mwisho wa karne ya 19, watu wenye jina hilo kutoka wilaya 72 za jimbo la Guangdong walichanga pesa. Wilaya 72, wengi wao hawajuani, wengine ni maskini. Jumba lilikamilika mwaka 1894. Waliotoa mchango waliweka humo vibao vya majina ya wazee wao. Na kazi yake ilikuwa nini? Vijana wa ukoo waliotoka vijijini kuja mjini kufanya mtihani wa serikali wapate mahali pa kulala na kusoma.

Wamama, nilisimama pale na jasho langu, na nilijua kwamba wote sita wananitazama.

Nyinyi mnajua kwa nini. Kila mwaka wasichana wanatoka njia ya Kasenga na vijiji vya huko nyuma kuja kufanya mtihani wa taifa hapa, siku nne. Wanalala kwa jamaa wa jamaa, kwa mtu ambaye baba alikutana naye mara moja. Mwaka jana katika darasa langu walikuwa tisa. Mmoja wao alikuwa wa kwanza katika hesabu, kupita wavulana wote. Siku ya kwanza alikuja, siku ya pili alikuja, ya tatu hakuja. Sababu wengi mnaijua, sitaiandika katika gazeti linalosomwa na watoto. Nilisimama kwenye lango la kituo cha mtihani mpaka walipofunga. Ile nyumba tuliyoiomba baada ya Pasaka, vyumba vinne na mama mmoja wa kuwalinda, ni kwa ajili ya siku ya tatu ile.

Nilitaka kusema haya yote pale pale. Sikuweza, koo lilikauka. Na vizuri kwamba sikuweza, kwa sababu mama mdogo alikuwa ameanza kuuliza maswali yake, na aliuliza vizuri kuliko mimi.

Kwanza: mtihani huo ulidumu mpaka lini? Dada akajibu kwamba ulifutwa mwaka 1905. Mama mdogo akahesabu kwa vidole. "Miaka kumi na moja. Wamejenga nyumba hii yote, na baada ya miaka kumi na moja mtihani umekufa." Akanitazama. Nikasema nyumba iko bado, baadaye walifanyia shule humo, leo ni makumbusho ya kazi za mikono, na tiketi inauzwa mlangoni. Akainua nyusi moja.

Pili: na wasichana wao walilala wapi? Dada akatabasamu kwa namna ya uchungu. Wasichana hawakuruhusiwa kufanya mtihani ule, hata mmoja. Bibi yake mwenyewe, aliyezaliwa miaka mingi baadaye, hakusoma shule. "Kwa hiyo," akasema mama mdogo, "mama zao walitoa pesa, na jina lililowekwa kwenye kibao ni la baba." Wamama wakapiga makofi, walinzi wakageuka.

Tatu: "Nani alishika pesa?"

Dada hakuelewa. Mama mdogo akaeleza polepole, nami nikatafsiri kama mahakamani. Watu wa wilaya 72 wametoa pesa. Hakuna simu, hakuna benki ya kila mtaa. Kuna mtu aliyezishika. Nani? Walimchagua namna gani? Aliandika wapi? Na alipokula kidogo, walifanya nini? Dada alikiri kwamba katika miaka sita ya kuongoza watu hajaulizwa swali hilo. Wageni wanauliza choo kiko wapi na picha inapigwa wapi. Akaenda kumwuliza mzee wa mapokezi. Mzee alicheka, akatupa karatasi ya Kichina yenye ramani. Jibu hatukupata.

Lakini mimi ndipo nilipoelewa kitu ambacho katika mkutano wa Pasaka sikukisikia, kwa sababu nilikuwa nimekasirika. Mama mdogo hakukataa nyumba. Alikataa sanduku lisilo na daftari. Mnakumbuka miaka michache nyuma, likelemba nyingine, si yetu, ilivyopotea na pesa ya wamama thelathini? Yeye alikuwa wa thelathini. Alianza upya kwa kuuza mkaa.

Baada ya hapo walitupotezea dakika arobaini. Karatasi ya matembezi haikutaja duka lolote, lakini gari lilisimama mbele ya duka la chai na mawe ya kijani, mlango ukafungwa nyuma yetu, tukapewa vikombe vidogo kama vya kuchezea, na msichana mmoja kwa kila mama akaanza kutuvalisha bangili. Dada aliangalia chini. Biro ndiyo inayoamua, alininong'oneza, si yeye. Walikosea watu lakini. Wamama saba waliomaliza siku kumi Sanyuanli huwezi kuwauzia jiwe kwa yuani 900. Mama mweka hazina alimshusha yule msichana mpaka 60, halafu akasema asante, akamrudishia. Tulitoka bila kununua, tumekunywa chai yao nzuri.

Kisiwa cha Shamian nitakipita haraka, ingawa ni kizuri, chenye miti mikubwa yenye kivuli na nyumba za kizungu za rangi ya krimu. Wakati wa vita vya kasumba, Waingereza na Wafaransa walijitengea kisiwa hicho, tangu mwaka 1859. Waingereza walichukua sehemu kubwa, Wafaransa moja ya tano. Madaraja yalikuwa na milango, na Mchina hakuingia ovyo. Niliwaambia wamama: fikirini Elisabethville, mji wa wazungu huku, mitaa ya weusi kule, katikati ukanda mtupu, na usiku mtu mweusi asionekane mjini bila karatasi. Mama mmoja ambaye baba yake alikuwa boi enzi hizo alisema hahitaji kufikiri. Leo maharusi wa Kichina wanapigia picha pale. Tuliona watatu kwa nusu saa, na mmoja aliomba kupiga picha na sisi kwa sababu ya vikwembe.

Mwisho tulifika kanisa kuu la Moyo Mtakatifu, ambalo wenyeji wanaliita Nyumba ya Mawe. Wafaransa walianza kulijenga mwaka 1863 na likamalizika 1888, miaka ishirini na mitano, yote kwa granite, minara miwili ya mita 58. Wasafiri wetu wa Kikatoliki wanalijua kwa sababu Jumapili Waafrika wengi wanasali humo. Mama mdogo alikuwa hajafika. Safari tisa, Jumapili tisa au zaidi, na hakuwahi kufika, kwa sababu Jumapili ndiyo siku ya kufunga makartoni. Aliingia, akavua viatu ingawa hakuna anayevua, kwa sababu miguu ilikuwa imevimba, akakaa benchi ya nyuma kabisa. Nilimwacha.

Nilipogeuka, watatu wetu hawapo. Barabara ya Yide iko mlangoni pa kanisa, na barabara ya Yide ni soko la jumla la vitu vya kuchezea na la samaki wa kukauka. Harufu ilikuwa imewafikia. Tuliwapata wamesimama mbele ya milima ya samaki wa chumvi, wanabishana kama ni sawa na makayabo ya kwetu au la, na mwenye duka anawakatia vipande waonje. Dada alikuwa anaangalia saa kwa wasiwasi, gari lililipwa mpaka saa saba tu. Tulirudi hotelini saa nane kasoro, na mvua kubwa ya ghafla ilitupiga toka gari mpaka mlangoni. Ule mnara wao mrefu wa mita 600, uliokamilika mwaka 2010, tuliuona kwa mbali, nusu yake imefichwa na mawingu. Mto niliuona kwa dakika tano, karibu na Shamian. Ni wa rangi ya kahawia. Chaki ya bluu nitaibadilisha.

Kwa wale watakaokwenda mwezi wa kumi, wakati wa maonyesho makubwa ya biashara ambayo hufanyika huko masika na vuli tangu 1957, nawaambia niliyojifunza. Kabla ya kulipa, uliza njiani kuna maduka mangapi, na jibu liandikwe. Bei ya kwanza si bei, hata kwa kutazama. Paspoti iwe mkobani daima, polisi wanaweza kuiomba. Vaa viatu vya chini, ukipenda kwaya ya magoti usiku ni juu yako. Beba karatasi ya choo na maji. Watu huko wanalipa karibu kila kitu kwa simu, kwa hiyo tafuta noti ndogondogo mapema. WhatsApp haifanyi kazi, basi waageni watoto kabla ya kuruka na waambie kimya si ugonjwa. Na mwongozaji, mkimpata mwema kama wetu, mpeni kitu mkononi mwake mwenyewe, si kwenye biro.

Ndani ya ndege, kati ya Guangzhou na Addis Ababa, nilidhani mama mdogo amelala. Akanigusa. Wale wasichana wa darasa lako, kwa mwaka ni wangapi? Nikasema tisa, na shule nyingine pia wapo. Na yule wa hesabu yuko wapi sasa? Nikamwambia yuko kijijini, ana mtoto mchanga, anataka kurudi kufanya mtihani tena. Akachukua kalamu yangu, akaandika tarakimu nyuma ya kipande cha tiketi, akakunja, akaweka kwenye kitambaa cha kifuani pamoja na pesa zake.

Mkutano ni Jumamosi hii, saa nane mchana, kwenye ukumbi wa kawaida. Mama mdogo ameomba kwa mwenyekiti dakika kumi. Hajaniambia atasema nini, na mimi nimejifunza kutomwuliza. Ameniomba vitu viwili tu: picha ya lile lango jeusi, ichapwe kubwa ili hata walio nyuma waione, na daftari jipya la hesabu, lile lenye jalada gumu na kurasa zenye namba.